Msituonje, Kaeni Mle

Nina ugomvi na neno moja dogo: kuonja.

Jikoni neno hili lina wenyewe. Mpishi huonja mchuzi kiganjani ili ajue kama chumvi imekolea. Mtoto huonjeshwa uji kabla hajaachishwa ziwa. Mnunuzi sokoni huonja kipande cha chungwa, kisha ama ananunua ama anakwenda zake. Katika hali zote hizo kuonja ni mlango tu, na nyuma yake kuna kazi, kuna shibe, au kuna bei. Lakini imezuka biashara ya kuonja kutupu, inayoanza saa nne asubuhi na kwisha saa nane mchana. Mtu analipa, anatembezwa, anadonoa hapa na pale, anapiga picha, anapanda gari, kwisha habari. Wenye biashara wanaiita matembezi ya chakula cha asili. Mimi naiita kula watu kwa ncha ya ulimi.

Najua nimeanza kwa ukali. Nivumilie, ndugu msomaji, maana jambo lenyewe linatuhusu sisi vijana wa mjini kuliko linavyowahusu Wazungu, na linawahusu zaidi wale kati yetu wanaojiita waandishi.

Mchezo huu haukuanzia Morogoro. Ukifika Mexico City utaongozwa kwa miguu kutoka kibanda hadi kibanda sokoni, hapa tortilla, pale tamale, kule pilipili ya aina ambayo hujawahi kuisikia, na mwongozaji anakueleza habari za Waazteki huku unatafuna. Mwaka 2010 UNESCO iliviingiza vyakula vya jadi vya Meksiko katika orodha ya urithi wa dunia usioshikika, na sifa zikapaa. Kwetu Tanzania utalii wa utamaduni ulianza kupangwa katikati ya miaka ya 1990, Arusha na vijiji vyake, kwa msaada wa shirika la Kiholanzi la SNV. Baadaye mtindo ukasambaa. Leo mgeni akishuka Morogoro mjini anaweza kuongozwa hadi vijiji vya miteremko ya Uluguru, kama Choma, na huko akapikiwa chakula cha mchana na mama wa kijijini. Sina ubaya na kutembea, wala na mgeni. Wahenga walisema mgeni njoo, mwenyeji apone. Swali langu ni moja tu: mwenyeji anapona?

Matembezi niliyoyashuhudia mimi hayakuwa ya mlimani. Yalikuwa ya huku bondeni, Ngerengere. Walioyaandaa sitawataja. Tulikuwa watu wanane, wageni sita kutoka Ulaya, mimi na mshikaji wangu mmoja wa Dar. Mwongozaji alikuwa kijana wa rika letu, Kiingereza kinamtoka kama maji ya bomba, kofia kaigeuza nyuma. Tukatoka upande wa stesheni, tukakatisha mashamba ya muhogo na ufuta, jua linawaka, mpaka tukaingia uani kwa mama mmoja mtu mzima. Alikuwa ameandaa sufuria ya ugali, sufuria ya kisamvu cha karanga, na ndoo ndogo ya togwa iliyofunikwa kwa kawa.

Mwongozaji akaanza kumwaga sera. Ugali, akasema, ndicho chakula cha mababu zetu tangu na tangu. Kisamvu akakiita spinachi ya Kiafrika. Togwa akaiita pombe ya kienyeji. Wageni wakachota vijiko viwili vitatu kila mmoja, wakaguna vizuri, wakapiga picha. Yule mama akawatazama, akasema kwa sauti, "Mbona mnadonoa kama kuku? Hamkukipenda?" Mwongozaji akatafsiri: mama anasema karibuni sana.

Wenzangu walipokwenda kuangalia mbuyu nikabaki nyuma kidogo.

"Shikamoo mama. Kisamvu hiki umekitwanga lini?"

"Marahaba mwanangu. Jana jioni. Leo nimekibandika toka alfajiri."

"Na wanakulipa vizuri?"

Akacheka. "Wananipa ya unga na ya kuni. Maji sijui wanadhani yanakuja yenyewe."

Hayo ndiyo maneno ya maana kuliko yote yaliyosemwa siku ile, na hakuna mgeni aliyeyasikia. Wamerudi kwao wanajua ladha ya Ngerengere na hawajui kitu.

Tuanze na hilo la mababu tangu na tangu. Mahindi ni mmea wa Meksiko. Watu wa huko ndio walioyafuga kutoka kwenye nyasi iitwayo teosinte, kiasi cha miaka 9,000 iliyopita. Afrika yalifika baada ya Columbus kuvuka bahari mwaka 1492, na Wareno ndio walioyatembeza pwani zetu. Hata jina tulilowapa linapotosha, maana linaelekeza Bara Hindi. Muhogo, wenye majani yanayotupa kisamvu, ni wa Amerika ya Kusini. Karanga nazo ni za hukohuko. Hesabu basi vilivyokuwa uani: ugali wa Meksiko, kisamvu cha Brazil, karanga za jirani zake. Tulifanya ziara ya Amerika bila pasipoti! Kilichokuwa cha kale hasa katika ardhi ya Afrika ni kimea cha mtama kilichotiwa kwenye ile togwa, na ndicho mwongozaji alichokivurumisha kwenye kapu la pombe.

Nieleweke vizuri. Sisemi kwamba ugali si wetu. Ni wetu kabisa, lakini hatukuupata kwa damu wala kwa mababu wa kwenye vitabu vya watalii. Ni wetu kwa jembe, kwa kinu, kwa mikono ya akina mama waliopokea mbegu ngeni wakajua la kufanya nayo. Chakula ni cha yule anayekihangaikia. Ukiondoa mahangaiko ukabakiza neno "asili", umeuza ganda, na korosho umeitupa.

Na mahindi hayo yana somo zito. Kule Meksiko wanawake huchemsha punje katika maji yenye chokaa au majivu, wakaziacha zilale usiku kucha, wakaosha maganda, ndipo wakasaga. Huita nixtamal. Kazi hiyo hulainisha punje, na pia huifungua vitamini iitwayo niasini ambayo ndani ya mahindi imefungwa, mwili hauipati. Mabaharia waliobeba mbegu hawakumwuliza mpishi. Wakaonja, wakapenda, wakaondoka. Matokeo yake, kokote ambako maskini walilazimika kuishi kwa mahindi matupu, kaskazini ya Italia, majimbo ya kusini ya Marekani, ulizuka ugonjwa wa pelagra: ngozi inababuka, tumbo linaharisha, akili inachanganyika, mwisho kaburi. Marekani peke yake walikufa maelfu mwanzoni mwa karne ya 20 kabla Dakta Joseph Goldberger hajaonyesha kwamba tatizo ni mlo. Na msidhani ni hadithi za mbali. Mwaka 1990 pelagra iliwapiga maelfu ya wakimbizi wa Msumbiji waliokuwa Malawi, waliokuwa wakila mahindi ya msaada huku karanga zimekatika. Mlo wenye maharage, karanga na mboga huliziba pengo hilo. Kwa hiyo karanga za yule mama hazikuwa pambo la kisamvu. Zilikuwa akili.

Hata kisamvu chenyewe. Jani bichi la muhogo lina sumu. Kutwanga na kuchemsha muda mrefu ndiko kunakoitoa. Mizizi ya muhogo mchungu nayo inataka kulowekwa na kuanikwa kwa subira. Mwaka 1985, wakati wa ukame kule Tarime, njaa iliwafanya watu wafupishe kazi hiyo, wakapatwa na konzo, ugonjwa unaopooza miguu ghafla na hauponi. Sasa mtu anaposema "spinachi ya Kiafrika" halafu basi, hajafanya kosa la lugha tu. Kaufuta usiku mzima wa kazi ya mama, na kaifuta elimu inayotenganisha chakula na sumu.

Togwa je? Ni uji uliopoa, ukatiwa unga wa kimea, yaani nafaka iliyooteshwa, ikakaushwa, ikasagwa. Kimea huulegeza uji mzito na kuutia utamu, kisha ukichachuka kidogo vijidudu vingi vya ugonjwa hushindwa kustawi humo. Tumbo la mtoto ni dogo. Uji mzito anaushindwa, na uji wa majimaji unamjaza bila kumshibisha. Kimea kinakuruhusu kuweka unga mwingi na uji ukabaki mwepesi wa kunyweka. Miaka ya 1980 watafiti wa Kitanzania walilichunguza jambo hili maabara, wakathibitisha, wakalipendekeza kwa uji wa watoto. Bibi zetu walikuwa nalo kibuyuni. Na kijana wetu mwenye kofia anasimama mbele ya wageni anasema pombe!

Simlaumu sana. Naye analipwa kwa siku, kafundishwa kusema yanayouzika. Ninaowalaumu ni wanaompa maneno. Biashara hii imegundua kwamba ladha inauzika na elimu haiuziki. Basi mpishi anabaki bubu uani kwake mwenyewe, anatafsiriwa hata pale anapolalamika.

Najua nitajibiwa nini. Kuna watu kijiweni wameshanijibu: "Acha ukasumba, bwana. Hela inaingia kijijini. Kidogo si haba." Haya. Tuitazame hiyo hela. Mwaka 1994 mkataba wa biashara wa NAFTA uliifungua Meksiko kwa Marekani, na mahindi ya bei nafuu ya Marekani, yanayolimwa kwa ruzuku, yakaingia kwa wingi. Wakulima wadogo wa Kimeksiko wakabanwa koo, wengi wakaacha mashamba. Mwaka 2007 wakaanzisha kampeni ya kusema bila mahindi hakuna nchi. Miaka mitatu baadaye dunia ikalipigia makofi jiko lao. Mnaona mpangilio? Makofi yalikwenda kwa sahani. Mkulima aliendelea kupiga kelele kuhusu bei. Sifa haziendi zenyewe shambani, lazima zisindikizwe. Vivyo hivyo hela ya matembezi ya Ngerengere haifiki yenyewe uani kwa mama. Inapita kwa mwenye gari, kwa mwenye ofisi, kwa mwenye kofia, na inapofika jikoni imebaki ya unga na ya kuni. Kidogo si haba anasema anayepokea. Anayetoa hana haki ya kulisema.

Na msiniambie kwamba Ngerengere haikujua kuuza chakula mpaka waje watu wa matembezi. Wajerumani walianza kuijenga reli kutoka Dar mwaka 1905, na 1907 ikafika Morogoro. Kwa miongo mingi baada ya hapo abiria wa reli ya kati alizijua stesheni kwa tumbo lake. Treni inasimama, vichwa vinatoka madirishani, beseni zinapanda: mahindi ya kuchemsha, mayai, ndizi, miwa, karanga. Ile nayo ilikuwa ziara ya chakula, tena bora kuliko hizi. Kwa nini? Kwa sababu muuzaji ndiye aliyetaja bei, kwa mdomo wake, kwa sauti. Ukibisha anabisha. Ukimtania anakutania. Ukichelewesha hela, anakimbia na treni huku anakutukania ukoo. Mlikuwa watu wawili wenye shida zenu, na hakuna aliyekuwa kivutio cha mwenzake. Tangu Juni 2024 tunakwenda Morogoro kwa treni ya umeme. Safi sana, haraka sana, sipingi maendeleo. Lakini madirisha yake hayafunguki. Ngerengere unaiona kama unatazama televisheni. Ni kichekesho kwamba kizazi kilichofungiwa kioo ndicho kinacholipa watu wakionjeshe "maisha halisi".

Sasa nawageukia ninyi, wenzangu wa kalamu, maana humu ndimo mwenu.

Nimesoma hadithi na mashairi yenu. Kila wa pili ana bibi kijijini. Bibi anapika, moshi unapanda, harufu ya nazi inamtoa mhusika machozi, anakumbuka utoto wake, kwisha. Katika hadithi hizo hakuna anayenunua kuni. Hakuna anayekwenda kisimani mara tatu. Bibi hana maoni juu ya bei ya mbaazi, hagombani na mtu, hajui lolote ila kupenda wajukuu. Mlenda umetajwa ili msomaji ajue kwamba mwandishi ana mizizi. Huko ni kuuza sura, jamani. Hiyo ni ziara ya chakula kwenye karatasi, na ninyi ndio wenye kofia. Mnatafsiri "mbona mnadonoa kama kuku" kuwa "karibuni sana", kwa sababu karibuni sana inachapishika.

Halafu tunashangaa kwa nini fasihi yetu haina uzito. Itatoka wapi nguvu ikiwa watu wake hawaruhusiwi kulalamika? Chukueni Uluguru hiyohiyo. Mwaka 1955 watu wa Matombo walikataa amri ya serikali ya kikoloni ya kuchimba matuta kwenye miteremko yao. Wataalamu walikuwa wamepanga kila kitu bila kumwuliza mwenye shamba kama jembe lake linasemaje. Zikazuka ghasia, na mpango wenyewe ukatupwa. Ni watu wa milima hii hii ambayo brosha zinasema wenyeji wake ni wakarimu na wapole. Wakarimu ndiyo. Wapole, kaulizeni vizuri. Na Waluguru hufuata ukoo wa mama, hata ardhi kwa jadi ilipita kwa mama. Yule anayewekewa sahani mbele ya kamera kama mtumishi, kwa mila za huko ndiye mwenye shina. Hiyo ni hadithi. Iko wapi kwenye magazeti yetu?

Mtasema nalalama bila kutoa dawa. Dawa ninayo, na ni ya zamani: mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Watu huichukulia methali hii kama ya kufukuzia wageni. Ni kinyume chake. Jembe ndilo linalomtoa mtu kwenye ugeni. Ukishalima na wenyeji huwi mtazamaji tena, unakula nao kwa haki, na unaweza kugombana nao kwa haki. Biashara ya kuonja imeikata methali vipande viwili, ikachukua siku mbili za mwanzo ikaziuza, na ya tatu ikaificha.

Kwa hiyo nasema: matembezi yaanzie shambani na kwenye kinu, yasianzie kwenye sahani. Mgeni atwange. Atoke jasho, apige ndoo moja ya maji kutoka yanakochotwa, ndipo akae ale ashibe, si kudonoa. Mpishi aseme mwenyewe, na anachosema kitafsiriwe kama kilivyo, hata kikiwa kichungu. Bei aitaje yeye, ikiwa na unga, kuni, maji, usiku wa kutwanga na elimu ya kutoa sumu, na mwenye gari apate kinachobaki badala ya mambo kuwa kinyume. Na sisi wa mjini twende pia, tulipe kama wengine. Ni aibu kijana wa Dar ajue pizza ina jibini gani na asijue kimea kinaoteshwaje.

Na mwandishi? Mwandishi naye apewe jembe. Kabla hujaandika neno "asili", nenda ukae na mama mmoja, kwa ridhaa yake, uandike hatua kwa hatua: analoweka saa ngapi, anajuaje kwamba sasa sumu imetoka, neno gani analitumia kwa lugha ya kwao ambalo Kiswahili hakina. Wakami wa maeneo ya Ngerengere lugha yao ni ya watu wachache na inapungua. Kila mpishi wao anayeondoka na maneno yake ya jikoni anaondoka na kamusi nzima. Hakuna mfadhili atakayekuja kukufanyia kazi hiyo. Usipate mshiko, pengine. Lakini utapata sentensi ambazo huwezi kuzibuni ukiwa Sinza.

Na wewe wa Dar unayesema Ngerengere ni mbali, haikuhusu, fungua bomba lako. Mto Ngerengere unashuka kutoka Uluguru, unajaza bwawa la Mindu, unakatisha Morogoro mjini, unapita Ngerengere, unaingia Ruvu, na Ruvu ndio unaoinywesha Dar es Salaam. Umekuwa mgeni wa watu hawa maisha yako yote. Siku zako mbili zimeisha zamani.

Mwenye hoja ya kunipinga aandike, tujibizane humuhumu. Ila kwanza akatwange.